Fadhila ya Tajiri, Haki ya Mama

Mama yangu amelea watoto saba. Wanne ni sisi tuliotoka tumboni mwake, tukakulia Makorora. Watatu ni wa nyumba moja ya Raskazone, ambako alifanya kazi kuanzia mimi nikiwa sijaanza shule hadi nilipokaribia kumaliza sekondari. Wale watatu aliwaogesha, akawalisha, akawabeba mgongoni, akawafundisha kufunga kamba za viatu. Sisi wanne alikuwa akiturudia magharibi, bibi ameshatulisha, na wadogo wameshalala.

Kila ninachokijua kuhusu umama, na kuhusu mwenye nacho na asiye nacho, kimetoka katika nyumba hizo mbili. Riwaya nitakayoisimulia hapa sikuisoma ili nijifunze jambo jipya. Niliisoma kwa kuwa mimi ni mwalimu wa Kiingereza na mwenzangu wa shuleni aliniazima. Ilinishika kwa sababu mwandishi wake, aliyekulia ng'ambo ya bahari nyingi kutoka kwetu, alikuwa anaieleza jikoni ya Raskazone.

Kwa asiyeijua Tanga: reli ndiyo mpaka. Wajerumani walianza kuijenga mwaka 1893 kuelekea Usambara, na mji ukapangika pande zake mbili. Upande wa bahari, ukipita Bombo kwenda Raskazone, kuna nyumba zenye bustani, miti mikubwa na upepo. Upande wa pili kuna Ngamiani na barabara zake zenye namba, kisha Makorora, Mikanjuni na kwingineko, nyumba za vyumba sita, familia sita, ua mmoja na choo kimoja. Wakoloni walimpangia mtu pa kulala kwa rangi yake: uzunguni, uhindini, uswahilini. Uhuru ulipokuja, rangi ikafutwa kwenye vitabu vya sheria, lakini nyumba hazikuhama. Wakaingia wenye fedha, na wenye kufagia wakaendelea kuvuka reli kila alfajiri, wengine kwa miguu, wengine kwa baiskeli. Mama alikuwa wa baiskeli.

Likizo za shule nilikuwa namfuata. Kuna mwaka ambao sitausahau, mwaka aliozaliwa mdogo wetu wa mwisho. Mama alikaa nyumbani arobaini tu, ikaisha, akarudi kazini, kwa sababu tajiri wake naye alikuwa amejifungua na alikuwa anamhitaji. Nilimwona mama amekaa kwenye ngazi ya mlango wa jikoni, amempakata mtoto wa tajiri, anampa chupa. Mtoto akilia tu kabla chupa haijamfika mdomoni, kifua cha mama kinalowa. Mwili haukuwa unajua mtoto yupi analia. Alikuwa amekunja kipande cha kanga kuukuu mara nne, anakipitisha ndani ya gauni, na kikilowa anakibadili na kingine kilichokuwa kimeanikwa kwenye kamba ya nyuma. Mtoto akilala, mama alikuwa anakwenda kwenye karo la kufulia, anageukia ukutani, anakamua, halafu anafungulia bomba. Nilimuuliza kwa nini anayamwaga. Akasema, "Nisipoyakamua, mwanangu, yataganda, titi litapata jipu." Saa hiyohiyo, Makorora, mdogo wangu alikuwa anapewa na bibi uji mwepesi wa sembe wenye sukari kidogo.

Hakuna aliyekuwa mkatili katika habari hii. Hilo ndilo lililonichukua miaka kulielewa. Tajiri wake mama alikuwa mtu mwema. Hakumpigia kelele, hakumkata mshahara, sikukuu alimpa kitambaa. Ni kwamba hata siku moja hakupata kujiuliza maziwa ya mama yangu yanakwenda wapi.

Riwaya yenyewe inaitwa Little Fires Everywhere, imeandikwa na Celeste Ng, Mmarekani mwenye asili ya Kichina, na ilitoka mwaka 2017. Mahali pake ni Shaker Heights, mji wa kweli ulioko pembezoni mwa Cleveland, jimbo la Ohio, ambako mwandishi aliishi utotoni. Mji huo ulipangwa tangu mwanzo na ndugu wawili matajiri, wa ukoo wa Van Sweringen, kwa kanuni za kila kitu, hadi sura na rangi za nyumba. Katika riwaya, taka haziwekwi mbele ya nyumba, zinafuatwa nyuma ili barabara isichafuke macho, na majani ya bustani yakirefuka kupita kiasi mwenye nyumba anatozwa faini. Katika miaka ya 1920 hati za viwanja huko ziliwekewa masharti yaliyowazuia Weusi na Wayahudi kununua. Kisha, kuanzia miaka ya 1950, baadhi ya wakazi wakafanya juhudi ya kweli watu weusi na weupe waishi mitaa ileile. Kwa hiyo ni mji unaojivunia wema wake, na riwaya inaanzia hapo, mwishoni mwa miaka ya 1990, kwa watu wanaoamini kwamba kwao ubaguzi umeshakwisha.

Elena Richardson ana mume mwanasheria, watoto wanne na nyumba kubwa. Ana nyumba nyingine ndogo ya kupangisha, na humo anapenda kumweka mtu anayemwona anastahili kusaidiwa. Anakuja Mia Warren, msanii wa picha, na binti yake Pearl. Wamezunguka Marekani nzima kwa gari, vitu vyao vyote vinaenea humo. Elena anampangisha, halafu anampa na kazi ya kupika na kusafisha kwake. Pearl anaingia nyumba ya kina Richardson na akili inamruka: makochi, televisheni, watoto wanaofungua jokofu bila kumuuliza mtu. Huyo nilikuwa mimi. Nilikuwa nakaa kwenye kiti cha jikoni Raskazone, nahesabu rangi za vitabu vya watoto wao kwenye rafu, na njiani kurudi nilimchukia bibi yangu kwa bada na kisamvu alichotupikia.

Moto wa riwaya unawashwa na mtoto mchanga. Bebe Chow, mhamiaji kutoka China, mhudumu wa mgahawa, ameachwa na mwanamume. Ni baridi kali, hana fedha, titi limekauka, maziwa ya kopo yamekwisha, na akili yake imelemewa kama inavyowatokea wanawake wengi baada ya kujifungua. Anampeleka mtoto kwenye kituo cha zimamoto, anamwacha hapo. Mtoto anaitwa May Ling. Anachukuliwa na kina McCullough, marafiki wa Elena, watu wa uwezo ambao mimba zao zimeharibika mara nyingi, na wao wanampa jina la Mirabelle. Karibu mwaka unapita. Bebe amepata kazi, amesimama tena, anamtaka mwanawe. Mia anamwambia mtoto yuko wapi, na kesi inakwenda mahakamani, huku mume wa Elena akiwa ndiye wakili wa kina McCullough.

Niliisimulia hadithi hii kwenye mchezo wetu. Tuko kina mama wa Ngamiani na Makorora, tunakutana barazani kwa mmoja wetu, tunachanga, anayepokea anapokea, kisha chai na maandazi, na maneno. Walinizoea kwamba nina hadithi za vitabu. Niliwasimulia hadi pale hakimu anapotaka kutoa hukumu, nikanyamaza, nikauliza: mtoto awe wa nani?

Baraza liliwaka. Wa kwanza kusema alikuwa mama anayeuza samaki Sahare: "Mtoto wa Mchina ni wa Mchina, kesi ya nini?" Mwingine, muuguzi mstaafu, akamkatiza kwamba aliyemwacha mtoto kwenye baridi hawezi kuja kudai baada ya wenzake kukesha naye. Pakawa na kimya kidogo, kwani wote tunazijua habari za watoto wachanga wanaookotwa majalalani. Ndipo binti mmoja, mdogo kuliko sote, akasema jambo lililogeuza mazungumzo: "Aliyetupa hutupa pasipo watu. Huyu alimpeleka kwa walio macho usiku kucha."

Shangazi wa mwenye nyumba, aliyekuwa kimya kwenye mkeka, akauliza, "Jina walilibadili?" Nikasema ndiyo. Akatikisa kichwa. Kwa waliosoma madrasa hapakuhitajika maelezo: Surat al-Ahzab, aya ya tano, inaamrisha watoto wa kulea waitwe kwa baba zao. Kulea mtoto wa mwenzio ni thawabu kubwa, na hapa pwani hakuna ukoo usiokuwa na mtoto aliyekulia kwa mama mdogo au kwa shangazi. Lakini nasaba yake haifutwi. Anakuzwa akijua alikotoka, na mama yake akija Idd anaoneshwa: huyu ndiye mama yako, mwamkie. Yule shangazi hakumlaumu mama McCullough kwa kumpenda mtoto. Alimlaumu kwa kumfanya kana kwamba hakuwa na mtu kabla yake.

Mwalimu mwenzangu aliyekuwepo alitaka tujue kwetu sheria inasemaje. Sheria ya Mtoto ya mwaka 2009 inaweka mbele maslahi ya mtoto, na inataka ridhaa ya mzazi kabla mtoto hajaasiliwa, ingawa mahakama inaweza kuendelea bila ridhaa hiyo ikiwa mzazi amemtelekeza mtoto. Kwa hiyo hata kwetu swali lingerudi palepale: Bebe alitelekeza, au alizidiwa? Na mwenye kulijibu swali hilo ni mtu aliyeshiba, aliyekaa juu ya kiti.

Hakimu wa riwaya anawapa kina McCullough. Niliposema hivyo mama wa Sahare alisimama akaenda kumimina chai ambayo hakuinywa. Nikaharakisha kuwaambia kwamba haikuishia hapo: Bebe anaingia usiku, anamchukua mwanawe, anaruka naye kwenda China. Walishangilia, hata yule muuguzi. Mimi sikushangilia. Nilimfikiria mtoto, aliyenyang'anywa mama mara ya pili kabla hajajua kuongea, na nilikuwa na hasira na mahakama iliyowaachia wanawake wawili waliomtaka njia ya wizi tu.

Lakini anayenigusa zaidi katika kitabu hicho ni Elena, na ningependa nimweleze kwa haki. Wasomaji wengi wanamwona shetani. Mimi namwona mtu anayeandika wema wake kwenye daftari. Kampa Mia nyumba, kaandika. Kampa kazi, kaandika. Siku Mia anapofanya jambo lake mwenyewe, yaani kumwambia mama mwenzake mwanao yuko kule, Elena anafungua daftari na kudai. Anachimba maisha yake ya nyuma, hata anatafuta njia ya kuchungulia siri za kliniki kupitia rafiki. Na huko anakuta jina la Pearl, kwamba ametoa mimba. Si Pearl. Ni Lexie, binti yake mwenyewe Elena, aliyeandikisha jina la mtoto wa mfanyakazi ili lake lisichafuke. Nilifunga kitabu pale. Raskazone, hereni ikipotea, mkoba wa kwanza kufunguliwa ni wa mama yangu. Hereni ilikuwa inapatikana chini ya zulia, na mkoba unafungwa, na hakuna neno.

Daftari la fadhila mimi nalijua kwa sababu nimeandikwa humo. Nilipofaulu kwenda sekondari, ada ya shule za serikali ilikuwa bado inalipwa, maana ilifutwa baadaye sana, kuanzia Januari 2016. Nyumbani haikuwepo. Tajiri wa mama akasema atanilipia. Niliitwa sebuleni, mara yangu ya kwanza kukanyaga zulia lile kwa ruhusa, nikapewa bahasha mkononi. Mama alikuwa amesimama mlangoni mwa jikoni ameshika kitambaa cha kupangusia. Nikasema, "Asante sana, mama." Mama yangu naye akasema, "Asante sana, mama." Tangu siku hiyo, kila ripoti ya shule niliipeleka kwanza Raskazone ikasomwe, kabla ya kuifikisha Makorora.

Nimesoma kwa fedha ile. Ualimu wangu, mshahara wangu, nyumba ninayoijenga Pongwe, vyote vimepita kwenye bahasha ile, na yule mama nitamwombea dua hadi nife. Hayo nayasema kwa moyo wote. Na kwa moyo huohuo nasema: mama yangu aliifanyia kazi nyumba ile kuanzia alfajiri hadi magharibi, siku sita za wiki, na siku ya saba kukiwa na wageni, kwa mshahara usiofika tarehe ishirini. Angelipwa kazi yake ilivyostahili, bahasha ile angenipa yeye. Ningemwambia yeye asante. Ripoti ningempelekea yeye kwanza. Fedha ilikuwa ni ileile ya jasho lake, ila imepita kwenye mkono wa mwingine ikageuka kuwa fadhila, na ikamnyima mama yangu kuonekana mama mbele ya mwanawe. Hicho ndicho kitu ambacho mwenye nacho hupata bila kukiomba: hata umama wa mwenzake anaweza kuufanya kwa niaba yake, na akashukuriwa.

Kuna jambo ninalopingana nalo katika riwaya hiyo. Wengi wanamweka Mia na Bebe kapu moja, kina mama wasio na kitu dhidi ya kina mama wenye kila kitu. Si sawa. Mia amechagua kuishi bila mali kwa ajili ya sanaa yake. Amefika vyuo vya sanaa, ana picha yenye thamani kubwa aliyopigwa na msanii mashuhuri, akibanwa sana anaweza kuiuza. Akichoka na mji anapakia gari anaondoka. Bebe hana cha kuuza wala pa kwenda. Pia Mia mwenyewe alibeba mimba kwa makubaliano ya kuwazalia mume na mke wa New York, akatoroka na mtoto huyo, ndiye Pearl, na haki yake ya umama hakuna mahakama iliyoigusa hadi kitabu kinakwisha. Mama yangu alipowaona watu wanaoishi maisha ya "kujinyima" kwa hiari alikuwa anasema kufunga swaumu si sawa na kulala njaa. Mwandishi naye analijua hili, naona, maana anawaweka kina mama hawa wawili karibu lakini hawafanani. Ni wasomaji ndio wanaowachanganya.

Tamthilia ya televisheni iliyotengenezwa kutokana na kitabu mwaka 2020, wakiigiza Reese Witherspoon na Kerry Washington, ilimfanya Mia kuwa mwanamke mweusi, na hapo tofauti ya rangi ikaongezeka juu ya ile ya fedha. Sitaingia huko.

Nirudi nyumbani kwangu, kwa sababu na mimi sasa niko upande wa kuajiri. Nina binti wa kazi kutoka milima ya Lushoto. Aliacha shule kidato cha pili kwa ujauzito, zama ambazo msichana mwenye mimba hakuruhusiwa kurudi darasani. Ruhusa ilitoka Novemba 2021, kwake imechelewa. Alipokuja kwangu, mtoto alikuwa amebaki kijijini kwa bibi yake. Kabla hajaanza kazi tuliandikiana. Amri ya mishahara iliyoanza kutumika Januari 2023 ilitaja kima cha chini cha 60,000 kwa mwezi kwa mfanyakazi wa nyumbani anayelala kwa mwajiri, na 120,000 kwa anayerudi kwake. Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya mwaka 2004 inampa mama mwajiriwa siku 84 za likizo ya uzazi yenye malipo, siku 100 akijifungua pacha, na hadi saa mbili kwa siku za kunyonyesha akisharudi kazini. Haikumtenga mfanyakazi wa nyumbani. Nilipowasomea wenzangu wa mchezo, mmoja aliuliza kwa dhati kabisa, "Kwani wao nao ni waajiriwa?" Ni mtu mzuri, ana binti wa kazi wa miaka mingi, anamwita mwanangu. Nikamwambia ndiyo, shoga yangu, na huyo mwanao ana likizo anayokudai.

Baadaye mtoto wa huyu binti alikuja kuishi na mama yake hapa kwetu. Nyumba ni ndogo, tulibanana, mume wangu alihitaji kushawishiwa na majirani walisema yao. Sikutegemea lililofuata. Watoto wangu wanamwita yule binti "dada," kama inavyosemwa nchi nzima. Mtoto wake, mwenye miaka minne, aliyekuja akimkumbuka mama yake kwa mbali, akasikia wenzake wanasema dada, naye akaanza: "Dada, naomba maji." Mimi akaniita mama. Nilimwona yule binti anamimina maji, anampa, mkono hautulii.

Usiku ule tulikaa wote sebuleni. Niliwaeleza wanangu kwamba kuanzia sasa anaitwa Mama pamoja na jina la mwanawe, kama mimi ninavyoitwa mtaani. Wakubwa walishika upesi. Mtoto mwenyewe ilichukua muda, kuna siku alikuwa anachanganya, anasema "dada mama." Na mimi aliacha kuniita mama, sasa naitwa mama mkubwa. Wapo walioniambia nakuza jambo dogo. Nimemsoma May Ling akigeuzwa Mirabelle, na nimemwona mtoto wa miaka minne akimpoteza mama yake wakiwa chumba kimoja. Si jambo dogo.

Sare za chekechea nilitaka kununua mimi. Akakataa. Alisema, "Mama, mshahara si unanipa?" Alinunua mwenyewe soko la Mgandini, na siku ya kwanza akampeleka mwenyewe, mimi nikabaki nyumbani nachambua mchele.

Sasa mama yangu. Anaishi kwangu, macho yamepungua nguvu, masikio mazima. Nilimsimulia kitabu chote jioni baada ya jioni, nikitaka aniunge mkono. Nilipofika kwa Bebe, mama alisema mtoto ni wake, hilo halina mjadala. Kisha akasema, "Lakini na yule Mzungu msimseme sana. Kulea nako kuna uchungu." Nikabisha, nikamwambia uchungu wa mwana aujuaye mzazi. Akanijibu kwamba ile familia ya Raskazone ilipohama kwenda Dar es Salaam, mizigo ilipakiwa asubuhi, na yule mdogo, wa umri mmoja na mdogo wetu, alivutwa kutoka kwenye gauni lake akatiwa ndani ya gari. "Niliondokewa na watoto watatu siku moja. Hakuna aliyekuja kunipa pole. Hata nyie." Alipewa kitanda cha zamani na mapazia, na malipo ya mwezi uliokuwa haujaisha. Nilikumbuka kitanda. Tulikuwa tumekifurahia sana.

Riwaya ile haina mtu wa namna yake, aliyelea watoto wa watu kwa ujira, akawapenda, kisha akaambiwa kazi imekwisha. Kina mama wawili wanagombea mtoto mmoja na dunia nzima inawatazama. Wa tatu anayefunga milango ya nyuma hana kesi. Sheria yetu angalau inasema mwajiri akimwachisha kazi mfanyakazi aliyefikisha mwaka amlipe kiinua mgongo, mshahara wa siku saba kwa kila mwaka alioutumikia, hadi miaka kumi. Mama hakulipwa, wala hatukujua kudai, na sheria hiyo yenyewe ilikuwa bado haijaandikwa.

Mchezo ujao zamu ya kupokea ni yangu, tutakutana kwangu, na mama atakuwepo barazani. Nimewaambia waje na mabinti wao wa kazi, wakae nasi, wasiende jikoni. Kuna mambo mawili nataka tuyaongee wote wakisikia: kila mmoja wetu anamdai au anadaiwa kiasi gani na binti wake kwa miaka aliyokaa, na siku akiondoka, watoto aliowalea wataruhusiwa kumtembelea wapi. Wawili wameshanipigia simu kusema huenda wasije.